Stewart McAllister na Ufundi wa Kuunga Picha

Mwaka 1942, Vita Kuu ya Pili ilipokuwa imepamba moto, ilitolewa nchini Uingereza filamu fupi iitwayo Listen to Britain, yaani "Isikilizeni Uingereza". Filamu hiyo huchukua muda wa dakika 20 hivi tu. Haina kisa, haina shujaa, wala haina sauti ya msimulizi wa kutueleza yale tunayoyaona. Mwanzoni mwake yametajwa majina ya watu wawili, Humphrey Jennings na Stewart McAllister, na imeandikwa waziwazi kwamba hao wawili ndio walioiongoza na kuihariri. Jina la kwanza limepata sifa kubwa. Mwaka 1954 Lindsay Anderson, ambaye baadaye alikuja kuwa mwongozaji mashuhuri, aliandika kwamba sinema ya Uingereza ilikuwa bado haijapata mshairi wa kweli ila Jennings peke yake. Jina la pili lilikaribia kusahauliwa kabisa. Ilipofika mwaka 1983 ndipo Dai Vaughan, naye mhariri wa filamu za hali halisi, alipotoa kitabu kizima juu ya maisha ya kazi ya McAllister, na katika jina la kitabu hicho akamwita mtu asiyeonekana.

Nataka kumzungumzia huyo wa pili. Watu hudhani kwamba mhariri wa filamu ni mtu wa kukata tu: aondoa kilichozidi, afunga kilicholegea, kama karani asahihishaye barua ya mkubwa wake. Kazi ya McAllister yatuonyesha jambo jingine. Mhariri ndiye aamuaye mtazamaji aaminiwe kiasi gani, aambiwe nini, na aachiwe nini akigundue mwenyewe. Uamuzi huo una uzito kuliko unavyoonekana, na kama tutakavyoona, kuna wakati ulipofanywa juu yetu sisi Waafrika pasipo kuulizwa.

McAllister alizaliwa mwaka 1914 huko Wishaw, mji wa Uskochi usio mbali na Glasgow, akasomea uchoraji katika Shule ya Sanaa ya Glasgow. Hapo alikuwa pamoja na Norman McLaren, yule ambaye baadaye alitukuka kwa filamu zake za michoro. Katika miaka ya 1930 aliingia katika kitengo cha filamu cha Posta Kuu ya Uingereza. Msomaji asishangae kusikia kwamba posta ilitengeneza filamu. Serikali ilitaka raia wake wajue barua zao zapita wapi na simu zao zaunganishwaje, na chini ya John Grierson kitengo hicho kilikuwa chuo cha wasanii vijana. Vita vilipoanza, kitengo kilitiwa chini ya Wizara ya Habari, kikapewa jina la Crown Film Unit. Miaka ya vita ndiyo iliyokuwa miaka ya McAllister. Alishiriki kuhariri London Can Take It! mwaka 1940, filamu ya kuwaonyesha Wamarekani jinsi wakazi wa London walivyostahimili mabomu. Mwaka 1941 alihariri Target for Tonight ya Harry Watt, juu ya marubani waliokwenda kuipiga Ujerumani. Mwaka 1943 alihariri Fires Were Started, ambamo wazima-moto wenyewe, si waigizaji, wanaonyesha kazi yao ya usiku mmoja.

Yafaa tujue kazi hiyo ilifanywaje kwa mikono. Siku hizi mhariri huketi mbele ya kompyuta, na akikata vibaya hurudisha kwa kidole kimoja. Wakati ule filamu ilikuwa ukanda hasa, kitu cha kushikwa, chenye picha ndogo ndogo zilizofuatana, 24 kwa kila sekunde. Filamu ya dakika 20 ina picha kama hizo zipatazo 28,800, na zilizopigwa zikaachwa ni nyingi kuliko hizo. Mhariri alitundika vipande vyake kama nguo kwenye kamba, akavitazama kimoja kimoja katika mashine ndogo, akakata kwa mkasi, akaunga kwa gundi. Sauti nayo ilikuwa katika ukanda wake peke yake. Hivyo alikuwa na kanda mbili mkononi, ya macho na ya masikio, na hapakuwa na sheria yoyote iliyomlazimisha azikate mahali pamoja.

Hapo ndipo ulipokuwa umahiri wa McAllister. Mfundi wa kawaida hukata sauti na picha kwa pamoja: tukiona gari twasikia gari, gari likiondoka sauti yake yakoma. McAllister aliziachanisha. Aliiacha sauti ya mahali tulipotoka ifuatane nasi mpaka mahali tunapokwenda, au aliitanguliza sauti ya mahali tusipopaona bado. Mshona mkeka wa pwani angemwelewa upesi. Yeye huwa na ukili mrefu aliokwisha kuusuka, na kazi iliyobaki ni kuuzungusha na kuushona ukingo kwa ukingo. Mshono ukiwa mzuri jicho hupita juu ya mkeka mzima lisijue ukili mmoja umekoma wapi na mwingine umeanzia wapi.

Tuchukue sehemu moja ya Listen to Britain tuitazame kwa makini. Watoto wa shule wanacheza uwanjani, wameshikana mikono, wanazunguka. Mwanamke yumo nyumbani, karibu na uwanja huo. Awasikia watoto, na mle nyumbani mna picha ya mwanamume aliyevaa sare ya jeshi. Kisha, hali watoto wangali wakicheza, mngurumo waanza kusikika. Magari ya kivita yenye minyororo yanapita kwa kishindo katikati ya kijiji chenye nyumba za kale. Hakuna aliyesema lolote. Hatukuambiwa kwamba mwanamume wa pichani ni mume wa huyu mama, wala kwamba mtoto wake yumo katika lile duara, wala kwamba vita vyaweza kufika hata pale. Tumeyajua hayo sisi wenyewe, kwa kuwa vitu vinne vimewekwa karibu karibu: mchezo, dirisha, picha, mngurumo. Kama pangekuwa na msimulizi wa kutuambia, "Mama huyu amkumbuka mumewe," tungaliitikia kwa adabu na kusahau mara moja. Lile tuligundualo wenyewe halitutoki.

Sehemu nyingine yajulikana zaidi. Tuko katika kantini ya kiwanda, saa ya chakula cha mchana. Wafanyakazi wamejaa mezani, sahani zagongana, na jukwaani wamesimama Flanagan na Allen, wachekeshaji waliopendwa sana na watu wa kawaida. Wanaimba, na wafanyakazi waufuata wimbo kwa miluzi. Ghafla, pasipo kituo, muziki wapokewa na orkesta, nasi tuko katika Jumba la Taifa la Picha mjini London. Myra Hess yuko kwenye piano, anapiga muziki wa Mozart. Picha zenye thamani zimekwisha hamishwa kwa kuogopa mabomu, fremu tupu zaning'inia, na kati ya wasikilizaji ameketi Malkia, mke wa Mfalme George wa Sita. Mkato mmoja wa mkasi umetutoa kwa mfanyakazi mwenye mafuta mikononi ukatufikisha kwa Malkia, na masikio yetu hayakusikia mlango wowote ukifunguliwa au kufungwa.

Wengi wameusifu mkato huo, nami nausifu. Lakini haifai kuusifu tu. Ni mkato unaotoa hoja. Wasema: hawa ni watu wa taifa moja, starehe zao ni mbili lakini moyo wao ni mmoja. Je, ndivyo ilivyokuwa? Mfanyakazi wa kantini na bibi wa Jumba la Picha hawakulala nyumba za namna moja, wala hawakula chakula cha namna moja kabla ya vita. Umoja huo haukukutwa na kamera mahali popote. Ulitengenezwa mezani kwa mkasi na gundi. Kadhalika mshono waweza kuficha kile kisichowekwa kabisa. Katika filamu hii twawasikia askari wa Kanada wakiimba garini moshi, mbali na kwao. Mwaka 1941, filamu ilipokuwa ikitengenezwa, askari wa KAR kutoka Kenya, Uganda, Tanganyika na Nyasaland walikuwa wakipigana Abyssinia kwa ajili ya taji lile lile. Sauti yao haimo. Sisemi kwamba McAllister aliwatupa. Hawezi mtu kuunga kipande asichopewa. Lakini anayeifundisha filamu hii katika shule ya Kenya hana budi kulitaja jambo hilo, maana filamu yenyewe yatuamuru tusikilize, nasi tukisikiliza sana twasikia pia ukimya.

Sasa lazuka swali ambalo wahakiki wamebishana juu yake: nani hasa aliifanya filamu hii? Wako wasemao kwamba Jennings alikuwa na wazo na McAllister alikuwa na mikono. Ugawanyaji huo ni rahisi mno. Tukitaka kulipima jambo hili tuitazame A Diary for Timothy, filamu ambayo Jennings aliitengeneza vita vilipokuwa vikielekea mwisho, ikahaririwa na Alan Osbiston, si McAllister. Filamu hiyo ina msimulizi tangu mwanzo hata mwisho. Maneno yaliandikwa na E. M. Forster, mwandishi mkubwa wa riwaya, yakasomwa na Michael Redgrave. Ni maneno mazuri, lakini mara nyingi yatangulia kutuambia lile ambalo picha ilikuwa tayari kutuambia. Mtu angeweza kukata shauri hapo hapo kwamba McAllister alipokosekana ndipo maneno yalipoingia. Mimi sifiki mbali hivyo. Katika filamu hiyo hiyo yumo tena Myra Hess, safari hii akipiga Beethoven, na muziki wake wafumwa pamoja na habari za redio za vita vya Arnhem kwa namna ambayo McAllister mwenyewe asingeionea haya. Kwa hiyo Jennings alikuwa na sikio lake, na Osbiston alikuwa na mkono wake. Ninaloweza kulisema kwa yakini ni dogo kuliko hilo: ni Listen to Britain peke yake ambamo watu hao wawili walikubali kuandikwa pamoja kuwa waongozaji na wahariri, nayo haihitaji msaada wa msimulizi hata kidogo. Walioandika yale majina walijua kazi ilivyofanyika. Sioni kwa nini sisi tujifanye kujua zaidi.

Watu hao walikutana tena katika Family Portrait ya mwaka 1950, iliyotengenezwa kwa ajili ya sherehe kubwa ya Uingereza ya mwaka uliofuata. Mwezi Septemba mwaka huo huo wa 1950 Jennings alianguka kutoka jabalini katika kisiwa cha Poros, Ugiriki, alipokuwa akitafuta mahali pa kupigia picha, akafa. Crown Film Unit ilivunjwa mwaka 1952. McAllister aliendelea na kazi katika kitengo cha filamu cha uchukuzi, British Transport Films, ambapo mkuu alikuwa Edgar Anstey. Alifariki mwaka 1962, hajatimiza miaka 50. Filamu za reli na mabasi hazikumpa tena nafasi kama ile aliyoipata wakati wa vita, na hilo ni jambo la kawaida katika maisha ya wahariri: wao hawachagui kinachopigwa picha, na ustadi wao hupanda na kushuka pamoja na vile wanavyoletewa.

Huyo Anstey alikuwa na lake la kusema zamani. Mwaka 1942, Listen to Britain ilipotoka, yeye alikuwa akiandika uhakiki katika gazeti la Spectator, naye aliishambulia vikali. Aliona ni upuuzi kuonyesha watu wakiimba na kusikiliza piano hali taifa lapigana kufa na kupona, na akaonya kwamba ingekuwa hasara kubwa filamu hiyo ikipelekwa ng'ambo. Wakubwa wengine nao waliingiwa na hofu. Walidhani watazamaji wa nchi nyingine hawataelewa filamu isiyo na maelezo, basi akaletwa Mkanada mmoja, Leonard Brockington, aketi mbele ya kamera na kuitolea filamu utangulizi. Bado utangulizi huo hukutwa katika baadhi ya nakala. Nawashauri wanafunzi wautazame mara moja kisha waanze tena filamu bila huo, waone jinsi maneno mema yawezavyo kufunga dirisha. Lakini watazamaji wenyewe hawakuwa wajinga kama walivyodhaniwa. Filamu ilipoonyeshwa katika kiwanda kimoja cha katikati ya Uingereza, wafanyakazi wapatao 800 waliipigia makofi na kukanyaga sakafu kwa furaha.

Ikiwa wakubwa hao hawakumwamini Mmarekani kuelewa, je, Mwafrika? Jibu limeandikwa. Mwaka 1939 serikali ya Uingereza iliunda kitengo kingine, Colonial Film Unit, kwa ajili ya makoloni, nacho kilikuwa chini ya Wizara ya Habari ile ile. Mkuu wake alikuwa William Sellers, aliyekuwa mtumishi wa afya huko Nigeria na ambaye alizoea kuonyesha filamu za usafi vijijini. Sellers alikuwa na kanuni zake. Alifundisha kwamba Mwafrika wa shamba hawezi kufuata mikato ya haraka. Kila kipande na kiwe kirefu, kamera itulie, ujanja wote wa kamera na wa kuunga uepukwe, na mtu asionekane hapa kisha akaonekana pale pasipo kuonyeshwa safari yake. Mwaka 1940 kitengo hicho kilitoa Mr English at Home, filamu juu ya siku moja ya familia ya seremala wa Kiingereza. Ilikuwa bubu kabisa. Mahali ilipoonyeshwa palitakiwa mtu wa kusimama kando ya kiwambo na kuieleza kwa lugha ya wenyeji.

Basi tuziweke filamu hizo mbili pamoja. Zote mbili zilitoka katika wizara moja, zote zaonyesha maisha ya watu wa kawaida wa Uingereza, na miaka yao imekaribiana. Moja haina neno la maelezo, na maana yake yote imetiwa katika sauti na mikato. Nyingine haina sauti, haina mikato ila ile isiyoepukika, na maana yake yote yatiwa kinywani mwa mkalimani. Tofauti haikuwa ya fedha wala ya mitambo tu. Ilikuwa tofauti ya imani juu ya kichwa cha anayetazama.

Kwamba imani ya Sellers ilikuwa potofu, wala haihitaji mtaalamu kuionyesha. Mtoto yeyote aliyekaa miguuni pa bibi yake jioni, akaitika "Pakawa!" mtambaji aliposema "Paukwa!", amekwisha jifunza mikato. Katika hadithi zetu sultani yuko barazani kwake, na sentensi ifuatayo mwanawe yuko msituni, siku saba zimepita, wala hakuna msikilizaji aulizaye alipitia njia gani. Mtambaji hubadili sauti, na kila mtu ajua kwamba sasa ni zimwi linenalo. Mtenzi huacha vita katikati akaingia kwenye maombolezo ya mama, kisha akarudi vitani. Na katika miji yetu, wakati ule ule magari ya serikali ya sinema yalipokuwa yakizunguka vijijini na filamu za polepole, watu walijaza majumba ya sinema kutazama filamu za kauboi na za Kihindi, zenye mbio na mikato, wakatoka wakiiga walichokiona. Colonial Film Unit ilifungwa mwaka 1955. Lakini nadharia yake haikufa siku ile. Hata leo naiona katika filamu nyingi za mashirika zinazoonyeshwa mashuleni: picha ya kisima, na sauti nzito yasema, "Hiki ni kisima."

Kwa sababu hiyo nilifurahi sana juu ya Softie, filamu ya Sam Soko iliyoonyeshwa kwa mara ya kwanza mwezi Januari 2020 katika tamasha la Sundance huko Marekani. Yahusu Boniface Mwangi, mpiga picha aliyegeuka mwanaharakati, akagombea kiti cha ubunge cha Starehe mwaka 2017 akashindwa. Upande mmoja kuna kelele za kampeni za Nairobi. Upande wa pili kuna mkewe Njeri na watoto wao, waliolazimika kwenda Marekani kwa ajili ya vitisho. Filamu hutuvusha bahari mara kwa mara, kutoka umati wa barabarani hadi chumba kilichotulia, na swali lake lote limo katika kuvuka huko: mtu adaiwaye na nchi na adaiwaye na nyumba yake amlipe nani kwanza? Waamuzi wa Sundance waliipa tuzo maalumu, na tuzo yenyewe haikuwa ya uongozaji wala ya picha. Ilikuwa ya uhariri, ikatolewa kwa majina matatu: Mila Aung-Thwin, Ryan Mullins na Sam Soko mwenyewe.